Wimbo wa Mapasa Nyuma ya Nyumba

Köln, 14 Januari 2024

Tantine Mianda, shangazi yangu mpendwa,

Moyo, Tantine, kama tunavyosalimiana Waluba. Heri ya mwaka mpya kwako na kwa wote wa nyumbani. Sisi tu wazima, tunasukumana na baridi. Mama anakusalimu sana. Goti lake la kushoto limegoma kupanda ngazi, nasi tunakaa ghorofa ya nne, basi anashuka Jumapili tu kwenda misa, na akirudi anawalaani Wajerumani wote kwa kutojenga nyumba za chini. Binti yangu Darlène amefikisha miaka kumi na tano na amenipita urefu.

Nina habari ya furaha. Unajua kazi yangu ya kukata filamu, ile uliyosema ni ushonaji wa watu wasio na sindano. Miaka ishirini na miwili, Tantine. Nilianza kwa kubandika majina kwenye kanda za televisheni. Kisha nikakata vipindi vya mapishi, miaka minne ya vitunguu na siagi. Kisha nikawa msaidizi wa mzee Volkmar, aliyenifundisha kutazama mtu anavyovuta pumzi kabla hajasema, maana hapo ndipo pa kukatia. Jina langu lilikuwa linapita mwishoni, wakati watu wameshavaa makoti. Mwaka huu, kwa mara ya kwanza, litakuja mwanzoni, peke yake: Mushiya Ngeleka, mhariri. Gazeti moja la hapa limeniita mhariri wa filamu wa Kijerumani. Mama alilikata akalibandika jikoni.

Na filamu yenyewe ni ya kwetu, Kolwezi. Mwongozaji ni mwanamke anayeitwa Henrike. Alikuja huko Agosti iliyopita, akapiga picha kwenye machimbo ya Mutoshi. Kuna mtu mmoja anaeleza jinsi shimo lilivyoporomoka na wachimbaji ndani, na wakubwa wakaleta mashine kulifukia, wakasema halikuwa na mtu. Uso wake umefichwa, tunaona magoti na mikono tu, na sauti yake imezamishwa hadi ikawa nzito kama ya ngoma kubwa. Ilinifikia hivyo hivyo, kwa usalama wake. Hata mimi sijui ni nani. Nyuma ya nyumba anamosemea watu wanaimba maombolezo. Nao wimbo umezamishwa pamoja na sauti yake, unatetemesha kifua. Henrike alilia alipousikia.

Naomba unisaidie. Kiswahili changu ni cha mtoto wa miaka saba, umri niliokuwa nao baba alipotuleta huku, na Kiluba sina kabisa. Nimeandika maneno ya wimbo kwenye karatasi ya pili, jinsi yanavyoingia sikioni. Nimetambua majina mawili ya marehemu, Mbuyi na Kabanga, nimeshayaandika chini ya picha kwa Kijerumani. Mengine nifasirie wewe. Mkataba unanikataza kutoa picha nje au kuizungumzia kwenye simu, ndiyo maana naandika kwa mkono na kumpa Sista Mukalay anayerudi huko.

Mtoto wako,
Mushiya


Kolwezi, 11 Februari 2024

Mushiya, mama yangu, wewe unayebeba jina la mama aliyenizaa,

Moyo, moyo. Barua yako Sista aliniletea mkononi baada ya misa, nikaisoma nimesimama. Mungu ashukuriwe kwa goti la mama yako, maana kama ni goti tu basi mengine mazima. Hapa mvua inanyesha kama ina hasira nasi. Umeme unakuja kutusalimu na kuondoka. Shule imeniomba nirudi kufundisha darasa la pili, mimi niliyestaafu miaka tisa. Nikawaambia chaki imeshanila kifua, watafute wengine. Herufi zako bado zinalala ubavu. Nilikuchapa kwa hilo ukiwa na miaka sita, naona sikukuchapa vya kutosha.

Nimefurahi kwa jina lako kuja mwanzoni. Kaka yangu Ngeleka angekuwa hai angechinja.

Sasa huo wimbo. Mwanangu, umeniandikia karatasi nzima ya matusi! Mimi, mama wa kanisa, na Sista wa watu akaibeba kwenye begi pamoja na Biblia! Hayo si maombolezo hata kidogo. Ni nyimbo za mapasa, watoto pacha. Kwetu Waluba mtu akizaa mapasa, wanawake wanaingia uani na kuimba maneno ambayo siku nyingine yangewatia aibu. Wanamtukana baba, wanamtukana mama, wanataja viungo vyote vya mwili, na kila mtu anacheka, maana ndivyo mapasa wanavyopokelewa. Mkiyazamisha lazima yasikike kama kilio. Ungeyasikia bila kuzamishwa ungecheka hadi ukae chini.

Mbuyi ni jina la pasa anayetoka wa kwanza. Kabanga ni anayemfuata. Ndivyo wanavyoitwa wote, tangu mababu. Hao ni watoto wachanga wazima, Mushiya, na wewe umewaandika kuwa maiti. Futa. Futa leo hii, kabla hujamaliza kusoma barua.

Nilikuwa nacheka nilipofika hapo. Kisha nikarudia mstari wako unaosema Mutoshi, na Agosti, nikaenda kufunga mlango.

Toa wimbo huo kwenye filamu. Wote. Usiniulize kwa nini. Na kamwe usinipigie simu kuhusu jambo hili.

Tantine wako,
Mianda


Köln, 2 Machi 2024

Tantine,

Moyo. Tu wazima. Darlène ana mtihani wa hisabati, mama anamfukizia mvuke wa mikaratusi kana kwamba hisabati ni mafua.

Aibu niliyopata siwezi kuieleza. Majina nimeyafuta siku ile ile, nakuapia. Nimemweleza Henrike kwamba ni nyimbo za kuzaliwa, akasema basi ni uzuri zaidi, kifo mbele na uzazi nyuma.

Lakini kuutoa wimbo siwezi. Maneno ya yule mtu na wimbo vilinaswa kwa kipaza sauti kimoja. Ni chai iliyokwisha tiwa sukari: nikitaka kuondoa sukari itabidi nimwage chai. Nikiutoa wimbo namtoa yeye pia, na bila yeye hatuna filamu, tuna picha za vumbi na malori. Yeye ndiye karani wa mlangoni aliyeandika daftarini kwamba wameingia watu sita. Hakuna mwingine aliyekubali kusema.

Uso haupo, sauti si yake, jina halitajwi. Nimeyakagua yote, fremu kwa fremu. Unaogopa nini, Tantine? Niambie. Onyesho la kwanza ni mwishoni mwa Mei, hadi hapo hakuna atakayeona kitu.

Mushiya


Kolwezi, 24 Machi 2024

Mushiya mama,

Moyo kwa mama yako na kwa huyo wa hisabati. Mimi afya ipo, usingizi hakuna.

Nitakuambia sasa, na unisamehe kwa kutokuambia mapema, maana aibu yangu ndiyo iliyofunga mdomo wangu. Unamjua kaka yako Gracien, kitinda mimba wangu, ambaye wewe ulimwona kwenye picha tu. Miaka miwili iliyopita alichukua mke, Jessica, binti wa Kilunda kutoka Musumba, bila kunipeleka mbele ya wazazi wake. Nilitaka Muluba mwenzetu. Nikasema maneno. Akahama nyumbani kwangu, akapata kazi ya ukarani Mutoshi. Agosti Jessica akajifungua mapasa. Wakaniita. Bibi ndiye anayeanzisha nyimbo, ndiye anayetukana kuliko wote, ni haki yake. Sikwenda, Mushiya. Nilikaa kwangu nikikuna mihogo, kwa kiburi. Wakaimba majirani.

Ningekwenda, sauti yangu ingekuwa humo kwenye filamu yako, na hata mngeizamisha hadi chini ya mto Lualaba ungemjua shangazi yako, ungeuliza, na yote haya yasingetufika.

Umeelewa sasa ninaogopa nini? Mmeficha uso, mmeficha sauti, na mmeacha nyimbo zinazosema mbele ya kila Muluba: hapa wamezaliwa mapasa wiki hii. Hapo Mutoshi Agosti ile mapasa walizaliwa nyumba moja tu. Na karani wa mlangoni mwenye mapasa ni mmoja tu.

Nilikwenda kwao baada ya barua yako. Mvua ilikuwa inapiga bati, nikabisha, Jessica akafungua akanitazama kama mtu anayetazama deni. Nikamwambia yote. Nilitaka kuwaimbia watoto, maana mila inadai, lakini nani aimbe nyimbo za mapasa kwa sauti sasa? Nikamkalisha Mbuyi paja hili na Kabanga paja lile, nikawatukania baba yao kwa kunong'ona. Gracien alicheka mara moja tu. Kisha akaniuliza: «Mama, bataonyesha ile filamu siku gani?» Nikasema Mei. Akasema: «Basi tuko na wakati.»

Hatuna wakati. Jumatano walikuja watu wawili kwenye mtaa wao, wamevaa vizuri, na gari safi. Jirani yao, mama Kankolongo, ndiye aliyewapokea. Wakamwambia: «Mama, tunatafuta bale balizala mapasa mu mwezi wa nane. Kampuni iko na zawadi yabo.» Na kweli walikuwa nazo garini, mbili mbili kama inavyotakiwa kwa mapasa: beseni mbili, blanketi mbili, sabuni mbili. Kuna Muluba amewafundisha. Kankolongo alikuwa mmoja wa waimbaji, sijui ni malaika gani aliyemgusa, akasema: «Ah, bale balisharudia Kasai, zamani.» Wakamshukuru. Wakaacha sabuni mbili kwake, ziko hapo mezani, hakuna anayezigusa.

Nieleze, mwanangu. Filamu haijaonyeshwa. Hao wamesikia wapi?

Mianda


Köln, 15 Aprili 2024

Tantine,

Leo sina salamu za kutosha. Nisamehe.

Wamesikia kutoka kwangu. Kuna kipande cha dakika mbili cha kutangaza filamu. Kilikuwa kimeshawekwa mtandaoni tarehe ishirini Februari. Kinaanza na mikono ya Gracien na wimbo. Mimi ndiye niliyekichagua, mimi ndiye niliyekikata, na nilijivunia. Barua yako ya kwanza ilinifikia siku tano baadaye. Nilipokuandikia Machi kwamba hakuna atakayeona kitu nilikuwa najua kimeshatazamwa na watu elfu arobaini. Niliogopa, Tantine. Niliogopa kwamba nikisema kitolewe watauliza sababu, na jina langu litarudi mwishoni, kwenye makoti. Nilijidanganya kwamba wazee huogopa kila kitu. Mficha maradhi kifo humuumbua, na kifo chenyewe nimekipeleka kwa kaka yangu.

Nimesoma barua yako jikoni, mama akiwa hapo, nikamwambia ni habari za mvua.

Siku ile ile nilimwita Henrike nikamweleza mbele ya mtayarishaji, mwenye fedha za filamu. Henrike alikaa chini sakafuni. Kipande cha mtandaoni wamekiondoa, ingawa wengine walishakinakili, siwezi kuwafuata wote. Mtayarishaji alikataa kuondoa sehemu yote ya Gracien. Akasema nimevunja mkataba kwa kukuandikia, na kwamba mtu ambaye hatujui jina lake hawezi kuwa ndugu yangu. Nikamwambia nitakwenda kwa wakili. Wiki nzima tulipigana. Mwisho wameiondoa, dakika kumi na moja. Kazi iliyobaki wamempa mwingine, jina langu limefutwa, na mtayarishaji ameniambia asubuhi moja, kwa upole kabisa, kwamba mji huu ni mdogo na simu zitaacha kuita. Sawa. Zisiite.

Waambie waondoke. Wasingoje. Kama kuna mahali, waende hata leo, na usiniandikie jina la mahali hapo.

Mushiya


Köln, 3 Juni 2024

Tantine,

Moyo. Moyo, kama barua hii inakufikia.

Wiki saba sijapata neno. Sista Mukalay anasema hajakuona kanisani. Nimevunja amri yako nikapiga simu, mara nyingi, inasema haipatikani. Kila mlango ukigongwa nadhani ni mtu wa kuniambia jambo. Mama ameshagundua, haulizi, anasali tu kwa sauti chumbani mwake nisikie.

Filamu imeonyeshwa wiki iliyopita. Nililipa kiingilio nikakaa safu ya nyuma. Pale alipokuwa Gracien sasa kuna barabara na malori. Watu walipiga makofi. Kisha mzee mmoja akasimama akauliza, bila ubaya: je, kuna ushahidi wowote kwamba watu walikufa humo? Henrike alishika kipaza sauti kwa mikono miwili, kisha akakirudisha mezani. Nilitoka kabla taa hazijawaka.

Niandikie neno moja tu. Hata tusi.

Mushiya


Kolwezi, 21 Julai 2024

Mushiya, mama yangu,

Moyo. Nipo. Mkalishe mama yako kwanza, mpe maji, kisha umsomee.

Barua yako ya Aprili ilinifikia Jumanne, Alhamisi walikuwa wameshaondoka. Dereva mmoja wa lori, Mulumba, anayepeleka chumvi na mafuta upande wa kwao Jessica, aliwapakia juu ya magunia, Jessica na watoto mbele kwenye kabini. Mvua ndiyo kwanza ilikuwa inakatika, barabara bado tope. Nilibaki nikihesabu siku. Wiki moja. Mbili. Mwezi.

Siku ya tatu walikuja kwangu. Walikuwa wameshajua jina la Gracien, na mama yake ni nani. Walichukua simu yangu, wakanichukua na mimi, kwenye ofisi moja isiyo na kibao. Sikupigwa. Walinikalisha kwenye kiti tangu asubuhi hadi jua likaanguka, wananiuliza swali moja: «Mama, mutoto yako iko wapi?» Nikajibu jibu moja: «Mi na yeye hatusemezanake, tangu aoe.» Ilikuwa kweli hadi Machi, kwa hiyo nililisema vizuri. Nilijikojolea kwenye kiti, Mushiya. Nakuambia wewe tu. Miaka sabini na moja, mwalimu wa nusu ya mji huu, na mmoja wao nilimfundisha kusoma. Alinitambua, akawa anatazama ukuta.

Waliniachia. Tangu hapo gari lao linapita mbele ya nyumba, linapunguza mwendo, linakwenda. Kanisani sikwenda ili nisimpe Sista balaa. Kuandika niliogopa. Kila karatasi niliyoanza niliichoma.

Juzi Mulumba, ambaye lori lilimharibikia huko, amerudi na barua ya Gracien kwenye kiatu. Walifika. Lori lilizama mara tatu, siku kumi na moja njiani, Kabanga aliugua homa akapona. Wako kwa wazazi wa Jessica, mahali ulipokataza nitaje, wanalima mihogo. Mama mkwe, ambaye sikutaka hata kumsalimu, amewapa chumba chake yeye mwenyewe. Wazima wote wanne. Nimepiga magoti nikalia hadi majirani wakaja kuuliza ni msiba wa nani.

Siku ya kuondoka nilimwambia kwamba umemtoa kwenye filamu, nikidhani atafurahi. Nakunakilia alichojibu sasa kwenye barua yake: «Mama, mushukuru ndugu yangu. Lakini mi nilisema ili basikie. Bale bantu sita beko chini mpaka leo, na bibi zabo banaambiwa balikimbia. Sasa nani atasema?»

Nimekaa na swali hilo siku mbili: wake wanaambiwa waume zao walikimbia, na shahidi tumemtoa. Kwenye barua hiyo aliandika na majina yao, jinsi alivyoyaandika daftarini siku ile kabla halijachukuliwa: Mbayo, Numbi, Muteba na wadogo zake wawili, na yule waliyemwita Beya tu. Muteba nilimfundisha. Alikuwa anaandika kwa mkono wa kushoto na sikuwahi kumkemea.

Gracien hawezi kurudi. Kankolongo ana watoto. Mimi wameshanijua, jina langu wanalo, nyumba yangu wanaijua, sina tena cha kuficha. Uliniambia hakuna mwingine aliyekubali kusema. Mimi nakubali.

Njoo na kamera. Na Henrike wako akitaka aje. Sitaki magoti na mikono, mimi nina uso, na sauti yangu usiizamishe. Nitayataja majina sita, na jinsi mwanangu alivyoona, na kiti kile pia, ingawa ni fedheha. Kata unavyojua kukata, lakini hayo usiyakate.

Ninaogopa, mwanangu. Naandika mbio hadi herufi zinalala ubavu kama zako. Kwa hiyo njoo haraka, kabla sijabadili nia.

Tantine wako,
Mianda